Msiyafukuze maji yetu: barua ya wazi kwa wanaoisimamia Dodoma

Kwa viongozi wa mkoa na jiji la Dodoma, wahandisi wa barabara na wa maji, maofisa mipango miji, na wabunge mnaokutana hapa kwetu.

Mbukwenyi waheshimiwa.

Mimi ni fundi mwashi wa Nkuhungu. Nilishika mwiko mara ya kwanza mwaka 1998, baada ya mvua za El Niño, wakati tembe na nyumba za matofali mabichi zilikuwa zimelala chini na kila aliyejua kuchanganya udongo alipata kazi. Tangu hapo nimechimba misingi mingi, siwezi kuihesabu. Kwa miaka mitatu sasa niko pia kwenye kamati ya maafa ya mtaa wetu. Ninayoandika nimeyaona kwenye kazi hizo mbili.

Sebuleni kwangu kuna mstari ukutani. Uko katikati ya kozi ya tatu ya tofali, sentimita 61 kutoka kwenye jamvi la zege la sakafu. Nimeupima kwa tepu. Chini yake lipu imevimba na kubanduka, rangi imekuwa kama ugoro. Juu yake ukuta ni mzima. Maji yaliyouchora yaliingia Januari 2024, saa nane za usiku. Kwanza nilisikia kama lori linamwaga kokoto, ila lori lile halikumaliza kumwaga. Nikashusha mguu kutoka kitandani, nikakanyaga maji ya baridi. Mke wangu alikuwa ameshawapandisha watoto mezani, na ndoo ya unga ilikuwa inaelea kwenye korido. Inagonga mlango wa chumba chao, inarudi nyuma, inagonga tena. Mwanangu mdogo hakusahau mlio ule. Mpaka leo mvua ikianza usiku huamka akaenda kuangalia ndoo iko wapi.

Hatukupoteza mtu, namshukuru Mungu. Tulipoteza magunia mawili ya mtama, magodoro, vyeti vya shule, na hata choo, maana shimo lilifurika, na kwa wiki nzima tulitembea uani tukijua tunakanyaga nini. Wenzetu walipata makubwa. Tarehe 3 Desemba 2023 tope la Mlima Hanang lilishuka Katesh na kuua watu zaidi ya 80. Aprili 2024 Waziri Mkuu Kassim Majaliwa alisimama bungeni, humu humu mjini, akaeleza kwamba mvua za msimu ule zimeua watu 155 nchini na kujeruhi 236. Nilimsikia redioni nikiwa juu ya jukwaa, napiga lipu. Tulishuka wote, tukakaa kimya kidogo, kisha tukarudi kazini.

Waheshimiwa, kabla sijaomba nina jambo la kukiri. Nyumba sita katika ukanda wetu unaofurika nimezijenga kwa mikono yangu. Nilipochimba msingi wa ile ya kwanza, futi mbili chini nilikuta mchanga safi wenye vikokoto vya mviringo, umejipanga tabaka kwa tabaka. Fundi yeyote anajua maana yake: hapo mto ulipita. Na mito ya huku kwetu hulala miaka mingi ikaamka siku moja. Nilimwambia mwenye kiwanja. Alikuwa ameshamaliza mafao yake yote kwa dalali, karatasi anazo, na zina mihuri. Akaniuliza, "Sasa fundi, nikakae wapi?" Sikuwa na jibu. Nikafunga kamba, nikaanza kazi.

Swali lake linaulizwa na wengi. Sensa ya 2012 ilihesabu watu 410,956 katika iliyokuwa manispaa. Ya 2022 ikakuta 765,179. Wote hao wanatafuta pa kulala, na ardhi ya bei nafuu ni ile iliyo bondeni. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inataka mita 60 kutoka ukingo wa mto zisiwe na shughuli za kudumu. Lakini mtu anayekuja kununua kiwanja mwezi wa nane haoni mto. Anaona uwanda mkavu, mbuzi wanapita, watoto wanacheza mpira. Hakuna bikoni, yaani kinguzo cha mpaka, hata moja inayomwambia kwamba hapo ni njia ya maji. Tunapima viwanja kwa bikoni, tunapima barabara kwa bikoni. Naomba makorongo nayo yapewe bikoni zake, za zege, zenye rangi, kabla kiwanja kingine hakijakatwa pembeni yake. Kazi hiyo si ya bilioni. Nipeni vijana wanne, saruji na mpimaji mmoja, tutamaliza kata nzima kabla ya mvua.

Sasa mtaro. Juu ya mtaa wetu imejengwa barabara nzuri ya lami, nayo ikapewa mtaro mzuri wa mawe. Sitamtaja mkandarasi, kazi ya mikono yake ni safi, viungo vimefungwa vizuri, hata mimi nimeusifu. Shida ni kwamba mtaro umeishia hewani. Umekokota maji ya lami, ya mapaa na ya nyua zilizosakafiwa, ukayapeleka mbio hadi hatua tisini juu ya nyumba zetu, na pale ukayaachia. Zamani maji yaleyale yalikuwa yakitawanyika kwenye nyasi na vichaka, yakifika kwetu yamechoka. Siku hizi yanafika na nguvu zake zote. Nilikwenda ofisi moja kuuliza, nikaambiwa mradi ulihusu barabara na umeshakabidhiwa. Nikaenda ofisi nyingine, nikaambiwa mitaro si yao. Sikuandika barua hii kumtafuta mkosaji kati yao. Naomba tu kila mchoro wa mtaro utakaopitishwa kuanzia sasa uonyeshe maji yanakoishia, na pale yanakoishia pawe ni mahali palipotengwa kuyapokea, si mlangoni kwa mtu.

Na hapa ndipo nataka mnisikilize kwa makini zaidi, kwa sababu nadhani tumekosea tangu mwanzo namna ya kuyafikiria maji haya. Tukifurika, kilio chetu cha kwanza ni kwamba maji yaondoke. Tunaomba mitaro mikubwa zaidi, mirefu zaidi, inayoyapeleka mbali zaidi. Miezi sita baadaye tunapanga foleni ya ndoo. Mji huu hupata mvua ya karibu milimita 570 kwa mwaka, karibu yote kati ya mwisho wa Novemba na Aprili, na zaidi ya nusu ya mwaka hatuoni tone. Mji wa namna hiyo unawezaje kuyafukuza maji?

Sehemu kubwa ya maji ya bomba la Dodoma imetegemea kwa miaka mingi visima vya Mzakwe, kwenye bonde la Makutupora. Wataalamu walichambua vipimo vya visima hivyo vya zaidi ya miaka 50, wakachapisha waliyoyaona mwaka 2013. Walikuta kwamba kina cha maji hushuka mwaka hadi mwaka kadiri pampu zinavyovuta. Mvua za kawaida hazikirudishi. Zinaishia kwenye mizizi na kwenye jua. Kinachokirudisha ni misimu michache ya mvua kubwa kupita kiasi, kama ile ya El Niño ya 1997/98. Msimu mmoja wa namna hiyo hujaza hazina tunayoinywa kwa miaka mingi. Na maji hayo huzama zaidi kupitia mchanga wa mito ya msimu, kama Kinyasungwe Ndogo, mto unapotanuka na kukaa.

Nilipoelezwa habari hii mara ya kwanza nilikaa nayo siku nyingi. Mvua iliyoibeba ndoo ya unga kwenye korido yangu ndiyo ileile inayojaza ndoo bombani. Wataalamu wa hali ya hewa wanasema hewa ikipata joto la nyuzi moja zaidi hubeba mvuke kwa karibu asilimia 7 zaidi, kwa hiyo mvua za kishindo zitaongezeka, na katikati yake ukame utakuwa mkali. Basi siku chache za mvua kubwa ndizo zitakuwa akiba yetu ya miaka. Tukizisakafia njia zote za kuingilia ardhini, tutafurika na tutakauka pia, sisi haohao.

Niwaambie habari ya mchanga, maana huo ndio kazi yangu. Chukueni ndoo tatu za mchanga mkavu wa mto, mmimine maji taratibu: zitameza karibu ndoo nzima kabla maji hayajaonekana juu. Kitanda cha mto wa mchanga ni tanki, na jua haliyafikii yaliyo chini. Mama zetu vijijini wanalijua hilo bila kufundishwa. Septemba mto ukiwa mweupe kabisa wanachimba kwa mikono, wanasubiri, wanateka kwa kata maji safi. Lakini mji unajengwa, na mimi ni mmoja wa wanaoagiza tripu ya mchanga kila wiki. Malori yanaingia mtoni na kutoa tanki lote, yakibakiza udongo mgumu. Mvua ikija, maji yanateleza juu ya ugumu ule na kwenda zake. Sisemi uchimbaji ufungwe. Nyumba tutajengea nini? Nasema pawe na maeneo yaliyotengwa na ya kupokezana, na ukanda wa kuingizia maji Makutupora uachwe kabisa. Kisha kuna mchanga ambao tungesifiwa kwa kuuchukua. Mabwawa yetu yamekuwa yakijaa mashapo tangu yajengwe. Hombolo ni la 1957. Pale mto unapoingia bwawani ndipo mchanga mnene hutua kwanza. Wekeni utaratibu na usimamizi, mturuhusu tuchimbe pale. Bwawa litapata nafasi, na mafundi tutapata mchanga.

Na mapaa. Bati la nyumba ya mita za mraba 100, mvua ya milimita 50 ikinyesha, hutoa lita 5,000. Hesabu hiyo mwanafunzi wa darasa la saba anaifanya. Zidisheni kwa nyumba za mtaa mmoja muone mto unaozaliwa juu ya vichwa vyetu kabla haujagusa ardhi. Majengo mapya ya Serikali kule Mtumba yana mapaa makubwa ajabu. Yangekuwa ya kwanza kuwekewa matanki ya kukinga maji na mashimo ya kuyazamisha yanayozidi, wananchi wangeona na kuiga. Nasi mafundi tungeelekezwa kwamba kibali cha ujenzi hakitoki bila mchoro wa kukinga maji ya paa. Mteja wangu wa kawaida hana fedha ya tanki kubwa, najua. Lakini shimo la kuzamishia, lenye mawe na kokoto, nalichimba kwa siku mbili.

Nje ya mji watu wametutangulia. Kongwa, kule Pembamoto, wamechimba makinga maji ya nusu mwezi kwenye ardhi iliyokuwa kipara, na nyasi zimerudi. Vijiji vingi vya mkoa huu vinafuata Kisiki Hai: hupandi mti, unautunza ule unaochipua wenyewe kwenye kisiki, unapunguza matawi, unaufunga kitambaa ili mwenye mbuzi na mwenye panga wajue una mwenyewe. Mashimo ya Chololo yamebeba jina la kijiji chetu wenyewe. Mkulima anachimba vishimo kwenye mistari, anaweka samadi, anapanda mtama au uwele ndani, na mvua badala ya kuteleza inakaa pale pale. Mwezi wa pili mvua ikikata wiki mbili, shamba lile halikunji majani upesi kama la jirani. Wakulima hawa wanailinda miji iliyo chini yao na hawalipwi hata senti kwa hilo. Kama jiji lina fedha za mitaro, sehemu ndogo yake ingepanda juu kwao, kwa majembe, kwa bwana shamba mwenye pikipiki yenye mafuta.

Wazee wa Kondoa mtawakumbuka. Mradi wa HADO, yaani Hifadhi Ardhi Dodoma, ulianza 1973, na mwaka 1979 ng'ombe na mbuzi wote walitolewa kwenye eneo lililomomonyoka. Ardhi ilipona kweli. Lakini watu waliondolewa mali yao na utajiri wa baba zao kwa amri, na uchungu ule ulikaa. Nalileta hili kwa sababu najua kuna mafaili yanayosubiri kuhusu sisi wa mabondeni, na najua rangi ya alama ya X inayochorwa kwenye nyumba za kubomolewa. Wapo ambao lazima wahame, sibishi. Nimewajengea mimi, na nimeona mchanga ulio chini yao. Ila X ikichorwa peke yake, mtu anahama korongo moja na kwenda korongo lingine, na mwaka unaofuata ananiita kuchimba msingi. Kaeni nao kwanza. Kiwanja mbadala kionyeshwe kwa miguu, si kwenye ramani tu, kiwe na maji na barabara, ndipo ukuta ubomolewe.

Kuna jambo ambalo halihitaji kusubiri bajeti. Mamlaka ya Hali ya Hewa hutoa angalizo, tahadhari na tahadhari kubwa, na taarifa zake hutufikia kwenye simu. Zinasema mvua kubwa zinatarajiwa mkoa wa Dodoma na mingineyo. Bibi wa nyumba ya tatu kutoka kwangu anasikia hivyo kila msimu, na hajui kama ni usiku wa leo alale kwa binti yake au la. Sheria ya Usimamizi wa Maafa ya 2022 imeshusha kamati hadi ngazi yetu ya chini, nami ni mjumbe. Kamati yetu ina daftari moja. Haina kipaza sauti, haina kamba, haina tochi, haina hata makubaliano ya nani apige filimbi. Baada ya Januari ile tumejiwekea utaratibu wetu: mama mmoja anayeuza maandazi juu, karibu na ule mtaro, huamka saa tisa usiku kukanda unga. Akiona maji yamefika kwenye tofali tulilolipaka rangi nyekundu, anampigia mwenyekiti, na mwenyekiti anapiga kengele ya shule. Kutoka kwenye lile tofali hadi mlangoni kwangu maji huchukua kama dakika ishirini, tumehesabu. Dakika ishirini zinatosha kubeba bibi. Lakini mama huyu hulala kama watu wengine kabla ya saa tisa, na maji yaliingia kwangu saa nane. Tunaomba kipimo cha kina cha maji chenye king'ora kwenye korongo letu na kwa mengine kama letu, na mtu wa kukitunza.

Maji hayaishii kwetu, waheshimiwa. Kinyasungwe ikitoka Hombolo hushuka hadi Gulwe, inaungana na Mkondoa, inapita Kilosa. Mwisho wa 2009 na mwanzo wa 2010 maji hayo yalisomba nyumba Kilosa na kung'oa reli ya kati, na treni zikasimama kwa miezi. Kila tunachokiachia huku juu kinamfikia mwenzetu kule chini.

Wazee wa Kigogo husema jina la mji huu ni Idodomya, pale tembo alipokwenda kunywa kijitoni Kikuyu akazama kwenye tope. Babu zetu walipaita mahali kwa tabia ya maji yake ili atakayepita baadaye ajue. Sisi tumeyafuta majina ya makorongo na kuweka namba za vitalu.

Kamati yetu hukutana Jumamosi ya kwanza ya kila mwezi, saa kumi jioni, chini ya mkungugu ulio nyuma ya shule. Tunaomba mhandisi mmoja wa mitaro, mmoja wa maji na ofisa mipango miji mmoja waje pamoja, siku moja, na ramani moja. Tumeshatembea korongo lote kwa miguu, tumeweka vijiti kila maji yalipofika. Vijiti vingine mbuzi wameving'oa, lakini tunakumbuka vilipokuwa. Waje kabla ya mwisho wa Novemba.

Wenu katika ujenzi wa taifa,
Fundi mwashi na mjumbe wa kamati ya maafa ya mtaa,
Nkuhungu, Dodoma